Mlipuko ukibisha hodi: tuahirishe wachangiaji, tuweke damu karantini, tupime au tuue virusi mfukoni?

Mlipuko wa virusi ukitangazwa, swali la kwanza kwenye benki ya damu huwa: "Tununue kipimo gani?" Swali hilo limeruka foleni. Njia za kulinda damu ziko nne: kumwahirisha mchangiaji, kuuweka mfuko karantini huku ukimfuatilia aliyeutoa, kupima sampuli, na kuua virusi ndani ya mfuko wenyewe. Kila njia ina virusi inavyoviweza na vingine inavyovipungia mkono vikipita. Iliyo rahisi kuliko zote, karatasi na simu, kwa virusi fulani inashinda mashine ya mamilioni. Kwa vingine haisaidii hata kidogo.

Ulinganisho huu ni wa wanaopaswa kuamua jijini Nairobi: kamati za damu za hospitali, wakuu wa maabara, na wanaoandaa zoezi la kuchangia damu kanisani, chuoni au pale nje ya Archives, jengo la nyaraka za taifa katikati ya jiji.

Vijue virusi kabla ya kuchagua njia

Maswali ni matatu. Je, virusi hivi husambaa kwa damu? Je, mchangiaji anaweza kuwa navyo damuni huku anajihisi mzima? Na hukaa humo siku ngapi?

Korona inashindwa kwenye swali la kwanza. Kisa cha kwanza cha Kenya kilitangazwa tarehe 13 Machi 2020, na dunia nzima hakuna aliyethibitishwa kuipata kwa kuongezewa damu. Madhara yalipitia mlango mwingine: shule zilifungwa ndani ya siku chache, na wanafunzi wa sekondari walikuwa nguzo ya uchangiaji damu nchini. Kwa virusi vya njia ya hewa, basi, usihangaike na mfuko. Hangaika na foleni, nafasi kati ya vitanda, miadi ya saa maalumu, na afya ya wanaotoa damu.

Ebola na Marburg ziko kwenye damu, tena kwa wingi, lakini wingi huo huja pamoja na dalili. Aliyeambukizwa anaweza kukaa siku 2 hadi 21 bila kuumwa, na virusi vinapofurika damuni huwa tayari amelazwa na homa. Nairobi inaikumbuka Marburg ya mwaka 1980: mgonjwa aliyekuwa amezuru pango la Kitum, Mlima Elgon, alifia hospitalini jijini, na daktari aliyemhudumia akaambukizwa kisha akapona. Hapo hatari kubwa ilimwelekea mhudumu, na aliyengoja mfuko wa damu hakuwa mbele kwenye orodha. Maswali ya mlangoni na kipimajoto hufanya kazi kubwa dhidi ya jamii hii ya virusi.

Wanaotusumbua hasa ni virusi vya mbu. Dengue, ambayo Waswahili huiita pia kidingapopo, haina dalili kwa takribani watu watatu kati ya wanne wanaoambukizwa, na mwenye dalili huanza kuwa na virusi damuni siku moja au mbili kabla ya homa. Wanaopata dengue kwa kuongezewa damu wamethibitishwa Hong Kong na Singapore. Virusi vya West Nile viliwapata Wamarekani 23 kwa njia hiyo mwaka 2002. Zika ni wa ukoo uleule. Nairobi iko juu na ina baridi, hivyo mbu Aedes aegypti hatambi kama Mombasa, lakini treni inayoondoka Miritini asubuhi hufika Syokimau kabla hujamaliza kuulizia bei ya chakula cha mchana. Virusi husafiri ndani ya mkono wa mchangiaji, bila kuhitaji mbu wa Nairobi.

Kuahirisha: rahisi, ya haraka, na inayoharibika kwa swali bovu

Muda unaotumiwa sana kwa virusi vya mbu ni siku 28 tangu mtu atoke eneo lenye mlipuko, au tangu apone. Aliyemgusa mgonjwa wa Ebola au Marburg hatolewi damu katika siku zote 21 za uangalizi, na wapo waliojiongezea tahadhari: Marekani iliweka wiki 8 kwa anayetoka eneo la Ebola. Chanjo zenye virusi hai, kama ya homa ya manjano au surua, zinahitaji siku 28. Hili la chanjo husahaulika kabisa, ilhali mwaka 2009 huko Marekani wagonjwa waliongezewa damu ya watu waliokuwa wamechanjwa homa ya manjano siku chache tu kabla, na virusi vya chanjo vikawaingia. Mlipuko ukileta kampeni ya chanjo, wachangiaji wako walio makini kuliko wote ndio watakaokuwa wamechanjwa wiki hiyo.

Njia hii huharibikia kwenye maneno ya hojaji. Ukiuliza "Umesafiri karibuni?" utajibiwa hapana. Dereva wa lori anayeenda Mombasa mara mbili kwa wiki haiiti hiyo safari, ni kazi. Uliza hivi: "Katika siku 28 zilizopita, umelala usiku hata mmoja nje ya Nairobi? Wapi?" Weka orodha ya kaunti zilizoathirika mbele yake, na uibadilishe kila taarifa mpya inapotoka. Kwa homa ya Bonde la Ufa, iliyoua watu na mifugo nchini mwaka 2006 na 2007, swali la safari halitoshi: uliza kuhusu kuchinja, kuzalisha mnyama na kunywa maziwa mabichi. Mchinjaji wa Dagoretti au Kiamaiko hupokea mbuzi wa kaunti ambayo yeye mwenyewe hajawahi kuikanyaga.

Ongeza swali moja fupi: "Umemeza Panadol leo?" Dawa hiyo hushusha homa, na kipimajoto kitakuambia yote ni shwari. Tena pima joto baada ya mtu kukaa kivulini dakika 10, maana aliyesimama juani Tom Mboya Street ataonekana mgonjwa bila sababu. Na mahojiano yafanyike faraghani. Mtu aliyekuja na wenzake wa chama au wa kwaya hatakiri jambo mbele yao. Atajibu vizuri, atoe damu, aondoke na siri yake.

Gharama ya kuahirisha ni wachangiaji. Ukiwakataa wote waliotoka Pwani mwezi Desemba au Agosti, utajikuta umefunga duka. Ndani ya eneo la mlipuko lenyewe njia hii haina maana, kwa sababu kila mtu ameahirishwa. Kisiwa cha Réunion kilikutana na hilo katika mlipuko wa chikungunya wa mwaka 2005 na 2006: kilisitisha ukusanyaji wa damu kamili na kuagiza chembe nyekundu kutoka Ufaransa bara. Kenya ina nafuu ya kuwa na vituo vya kanda, hivyo mji mmoja ukiumwa, mifuko inaweza kutoka Embu, Nakuru au Eldoret kwa barabara siku hiyohiyo. Mpango huo uandikwe kabla ya mlipuko, ukiwa na jina la anayeidhinisha na sanduku la baridi linalojulikana lilipo.

Karantini na simu: hesabu kwanza

Hapa mfuko unachukuliwa kama kawaida, unawekwa rafu ya peke yake, na hautoki mpaka siku kadhaa zipite bila mchangiaji kuumwa. Wakati wa Zika, Shirika la Afya Duniani lilipendekeza siku 7 hadi 14.

Iwezekane au isiwezekane, bidhaa yenyewe ndiyo huamua. Chembe nyekundu zenye CPDA-1, dawa ya kuzihifadhi, huishi siku 35 kwenye nyuzi 2 hadi 6. Ukizishika siku 14 zinabaki 21, na hiyo ni sawa. Plazma iliyogandishwa hukaa mwaka, kwa hiyo unaweza hata kungoja mchangiaji arudi kupimwa tena. Chembe sahani, zile zinazosaidia damu kuganda, huishi siku 5 tu kwenye joto la chumba. Hazina karantini. Anayekuambia ataziweka siku 7 hajawahi kuzishika.

Halafu kuna hesabu ambayo kamati nyingi huigundua imechelewa. Hospitali inayotumia mifuko 20 kwa siku, ikiweka karantini ya siku 7, inahitaji mifuko 140 iliyotulia jokofuni kabla ule wa kwanza haujatoka. Karantini ya siku 14 ni mifuko 280. Jokofu la kuiweka liko wapi? Na katika wiki hizo za kwanza za kungoja, wagonjwa wataongezewa nini? Jibu la kweli ni kwamba karantini huanzishwa kwa hatua: aina ya O na A zenye akiba kwanza, siku 3, kisha 5, kisha 7.

Upande wa simu, mpe kila mchangiaji kadi yenye namba ya mfuko wake na namba ya kupiga akipata homa, upele au maumivu ya viungo ndani ya siku 14. Usingoje akupigie. Tuma ujumbe mfupi siku ya 3, ya 7 na ya 14, ukiomba ajibu neno moja: MZIMA au MGONJWA. Asiyejibu apigiwe. Hitilafu zake ni za kawaida mno: namba iliyoandikwa vibaya, simu ya benki ya damu inayopokewa na bawabu usiku, na, kubwa kuliko zote, zamu ya usiku isiyojua nani ana mamlaka ya kuurudisha mfuko ambao umeshapelekwa wodini.

Sasa linganisha. Chikungunya (jina la Kimakonde, la namna maungo yanavyomkunja mgonjwa) huwaumiza wengi wa wanaoambukizwa, tena vibaya. Karantini yenye simu itawanasa wengi wao. Kwa dengue itawanasa wale wachache wenye dalili tu. Watatu kati ya wanne watajibu MZIMA kwa moyo mweupe. Rafu ni ileile, simu ni ileile, lakini kwa virusi vya kwanza ni ukuta na kwa vya pili ni pazia.

Kupima: kipimo kipi, na cha nini

Damu nchini hupimwa virusi vya UKIMWI, homa ya ini B, homa ya ini C na kaswende. Kila kipimo kina kipindi cha dirisha, yaani siku ambazo mtu ameshaambukizwa lakini kipimo hakioni. Makadirio yanayotumika ni haya (kingamwili ni kinga ambayo mwili huitengeneza dhidi ya virusi, antijeni ni kipande cha virusi vyenyewe):

| | Kipimo cha kingamwili au antijeni | Kipimo cha vinasaba, sampuli moja moja |
|---|---|---|
| Virusi vya UKIMWI | siku 16–22, kutegemea kizazi cha kipimo | siku 9–11 |
| Homa ya ini B | siku 35–40 | siku 20–25 |
| Homa ya ini C | siku 60–70 | chini ya siku 10 |

Ukitazama jedwali peke yake utakimbilia kipimo cha vinasaba, kile cha PCR ambacho kila mtu alikijua wakati wa korona. Ngoja kidogo. Utafiti uliofanywa mwaka 1994 katika hospitali sita za serikali nchini ulikadiria kuwa hatari ya kuambukizwa virusi vya UKIMWI kwa kuongezewa damu ilikuwa asilimia 2, na sehemu kubwa ya hatari hiyo ilitokana na makosa ya maabara. Kipindi cha dirisha hakikuwa msababishi mkuu. Damu ilikuwa haikupimwa vizuri, au haikupimwa kabisa. Mashine bora kwenye mikono iliyochoka haibadilishi hilo.

Kipimo cha haraka, kile cha kijiti, hutoa jibu ndani ya dakika 15 hadi 20 bila umeme. Kina nafasi yake usiku wa dharura, ambapo mfuko uliopimwa haupo. Lakini husomwa kwa jicho: mstari hafifu hupita kama hasi, au kijiti husomwa baada ya saa nzima na kuonyesha mstari usiokuwepo. Vijiti vilivyoshinda ndani ya gari Industrial Area juani havitakuambia kuwa vimeharibika. Hakuna karatasi inayobaki zaidi ya mwandiko wa mtu. ELISA, kipimo cha maabara cha kingamwili au antijeni, huchukua saa mbili hadi tatu kwa sahani yenye vishimo 96, inahitaji joto la nyuzi 37, maji safi ya kuoshea na umeme usiokatika katikati. Faida yake si wepesi wa kuona tu. Mashine huandika matokeo, na vidhibiti hasi na chanya, yaani sampuli ambazo jibu lake linajulikana, hukaa kwenye sahani ileile. Ikioshwa vibaya hutoa chanya za uongo, na mifuko mizuri hutupwa. Kwa kazi ya kila siku ya benki ya damu, chagua ELISA au mashine ya kizazi kipya zaidi, na ubakize kijiti kwa dharura, sampuli ikipimwa tena asubuhi.

Kipimo cha vinasaba kinaleta kitu kimoja ambacho vingine haviwezi kwa Afrika yetu: homa ya ini B iliyojificha, ambapo antijeni haionekani na virusi vimo. Afrika Kusini hupima sampuli moja moja kwa vinasaba tangu Oktoba 2005. Wengine huchanganya sampuli 6, 16 au zaidi ili kuokoa vitendanishi, yaani dawa za kupimia, na hapo virusi huzimuliwa mara 6, 16 au zaidi. Kwa virusi vichache damuni, kama Zika, kuzimua kunaweza kuvificha. Sampuli ya kipimo cha vinasaba iwe kwenye mrija wa peke yake, plazma itenganishwe mapema, na chumba cha kuandalia vitendanishi kisiwe kile cha kufungulia sampuli, maana tone moja huchafua kazi ya siku.

Je, ununue kipimo cha vinasaba cha dengue au Zika kwa ajili ya mlipuko? Marekani ilipima Zika kwenye kila mfuko kuanzia mwaka 2016, ikaacha mwaka 2021 baada ya ugonjwa kufifia. Waliweza kulipia. Kwa Nairobi, fedha ya vinasaba ikipatikana iende kwanza kwa homa ya ini B, C na virusi vya UKIMWI, vilivyo hapa kila siku ya mwaka, mlipuko au hapana. Chagua mashine inayokubali kuongezewa kipimo kingine baadaye. Na usiazime vitendanishi vya wodini: vingi vilithibitishwa kwa wagonjwa wenye virusi tele, si kwa mchangiaji aliyeambukizwa juzi.

Kuua virusi mfukoni

Dawa ya amotosaleni na mwanga wa UVA huharibu vinasaba vya virusi kwenye chembe sahani na plazma. Réunion iliitumia kwa chembe sahani katika mlipuko ule, na ndiyo njia pekee kati ya nne inayofanya kazi dhidi ya virusi ambavyo hakuna aliyevitambua bado. Riboflavini (vitamini B2) na mwanga imejaribiwa kwa damu kamili huko Kumasi, Ghana, na ikapunguza maambukizi ya malaria. Kasoro zake: chembe sahani kadhaa hupotea, virusi visivyo na utando wa mafuta kama vya homa ya ini E hustahimili, na chembe nyekundu zilizotengwa, ambazo ndizo nyingi tunazotoa, hazina mfumo uliozoeleka sokoni. Kituo chenye wagonjwa wengi wa saratani wanaotumia chembe sahani kinaweza kuifikiria. Hospitali ya uzazi haina haja nayo.

Ndugu wa mgonjwa au mchangiaji wa kawaida?

Hospitali zikiishiwa, huwaambia ndugu: leteni watu watatu. Wakati wa mlipuko hili lina mtego. Ndugu wa mgonjwa wa dengue wanalala nyumba moja naye na wameumwa na mbu walewale wiki ileile. Wa mgonjwa wa Marburg wamemuuguza. Hao ndio watu usiowataka kitandani kwa sasa, hata kama mapenzi yao ni makubwa. Waombe walete majirani wa mtaa mwingine au wenzao wa kazini.

Nje ya hapo, tusimdharau ndugu. Anayetoa mara ya kwanza kwa hiari hana tofauti kubwa ya usalama na ndugu anayetoa mara ya kwanza; tofauti halisi iko kwa anayerudi. Mwanamume anaweza kutoa kila miezi 3, mwanamke kila miezi 4, na kila mara damu hupimwa upya. Ndugu aliyetoa leo mpigie baada ya miezi hiyo. Ni orodha nafuu kuliko tangazo la redio.

Nani achague nini

Anayeandaa zoezi la kutoa damu: hojaji nzuri, faragha, kipimajoto, kadi ya simu. Usiongeze kingine. Hospitali ndogo ya Eastlands au Kawangware inayopokea mifuko kutoka kituo cha kanda: usianzishe karantini yako juu ya karantini ya wengine, kazi yako ni daftari linaloonyesha namba ya mfuko, mgonjwa na saa, ili mfuko urudishwe ndani ya dakika, si siku. Hospitali kubwa inayokusanya damu yake: kuahirisha kwa virusi vyote, karantini kwa chembe nyekundu pale virusi vinapoleta dalili kwa wengi, na chembe sahani zitoke kwa wachangiaji wasiotoka nje ya Nairobi. Kituo cha kanda ndicho pekee ambacho kipimo cha vinasaba kinaweza kukilipa.

Kwa wote, andikeni mapema ruhusa ya kuvunja karantini. Mama anavuja damu baada ya kujifungua, rafu ya kawaida ni tupu, na ya karantini ina mifuko sita. Hatari ya mfuko kuwa na dengue ni ndogo. Ya mama kufa ndani ya saa moja si ndogo. Mfuko utoke, ule uliokaa karantini siku nyingi zaidi kati ya mifuko inayomfaa, daktari na mteknolojia wa zamu watie saini, mama aelezwe akipata nafuu, na mchangiaji apigiwe simu usiku huohuo.